M. Zagabe Iko Sange

Wewe, umeshafungiwa inje na mulango ambao unaupangusa kwa mikono yako mwenyewe tangu miaka makumi mbili na sita?

Mimi nilifungiwa. Siku nane za kazi nilikaa inje ya ukuta wa biro yetu hapa Nyawera, tatu kati ya hizo zilikuwa za mvua, na wenye kunifungia walisoma mpaka université. Nitakueleza pole pole. Usinikimbize, juu jambo lenyewe ni dogo kuliko mbegu ya lenga-lenga, na mutu mwenye haraka hawezi kuliona. Ndivyo ilivyokuwa kwa wale mabwana.

Shirika letu linapeleka dawa na chanjo kwenye vituo vya afya. Biro kubwa iko Nyawera, hapa Bukavu, nyumba ya orofa moja yenye bati la kijani. Depo iko Kasha, si mbali na kwangu. Kuna biro ndogo Katana, na ingine Sange, kule chini kwenye joto la bonde la Ruzizi. Mimi niko wa usafi pale Nyawera. Kila siku ya tatu na ya tano ya juma napaka sakafu ya sima nta nyekundu na kuisugua kwa kipande cha kikwembe kilichochakaa, mpaka uone meno yako. Kila asubuhi najaza pipa mbili za maji kabla bomba halijaanza kukohoa. Vikombe ni kumi: sita vya maua, vine vyeupe, na kimoja cha maua kina ufa, hicho simupe mugeni. Directeur, Monsieur Edouard, anakunywa chai ya mchaichai bila sukari tangu daktari amukataze. Hayo yote najua bila kuandikiwa. Na bwana yangu, muzee Kalume, ambaye miguu yake haimubebi tena, anatunzwa na daktari wa shirika juu miye niko mufanyakazi. Kazi ikikatika, na dawa zake zinakatika siku ile ile. Hiyo uiweke akilini.

Zamani pale kulikuwa funguo. Usman, sentineli wetu, mutu wa Uvira mwenye kofia nyeupe, alikuwa amezifunga zote kwenye waya. Nafika saa moja na nusu, anafungua, tunasalimiana, ananiuliza muzee ameamkaje, namuuliza watoto wake, naingia. Ilikuwa inatosha.

Kiisha akaletwa Constantin na programu yake.

Constantin alikulia Kinshasa. Mashi, lugha yetu, hajui, hata ya kuomba maji. Alikuwa na viatu vya kuchongoka vinavyofika kwenye mulango mbele ya mwenyewe. Alituita wote kwenye chumba cha mikutano, miye nikasimama nyuma na sinia yangu, akatupa mwanga ukutani. Tukaona biro zetu ine zimechorwa kama sanduku ine za kiberiti, na nukta za kijani na nyekundu ndani yake. Akasema kila nukta ni mutu. Akasema kuanzia siku ile yeye atakaa kwenye kiti chake hapa Nyawera, na ataona nani ameingia Katana, nani ametoka Sange, nani anasimama mbele ya chumba cha baridi kule Kasha na hana ruhusa. Funguo, alisema, ni mambo ya mababu: zinapotea, zinaibwa, na hazikwambii nani alipita. Directeur akapiga makofi. Mimi nikawaza kwamba Usman anajua nani alipita, na anajua pia alipita na uso gani. Lakini Usman hakuna aliyemutupa ukutani na mwanga.

Wakatupiga picha. Juma lililofuata wakatugawia kadi, nyeupe, ngumu, zenye kamba ya kuvaa shingoni kama mbuzi wa soko. Kwenye yangu niliona uso wangu na kitambaa changu cha manjano, na chini yake: M. ZAGABE.

Nilisoma mpaka mwaka wa sita wa primaire kwa masista. Kusoma najua. Nikamufuata Constantin kwenye kolidori, nikamwambia kwa upole kwamba jina langu halikuandikwa vizuri. Hakuinua macho kwenye simu yake. Alijibu kwamba hiyo ni affichage tu, maandishi ya kuonyesha, machini inanijua. Nikasema haina shida. Hilo neno nalisema sana. Ni neno la watu wanaopangusa.

Sasa ngoja nikueleze jina, kama wewe si mutu wa huku. Kwetu Bashi, mwanamuke anabeba jina la baba yake na M mbele, na kati ya ile M na jina kuna kamustari kadogo kanakaa juu kama unywele umeanguka kwenye karatasi. M'Zagabe: mutoto-mwanamuke wa Zagabe. Ukikatoa kale kamustari, umenitoa kwa baba yangu. Constantin alipokuwa anaandika majina, programu yake, yenye kuona Sange na Katana, ilikataa kamustari. Haikajui. Inajua herufi na nukta. Basi akakafuta, akaweka nukta. Na M yenye nukta, kwa Kifaransa, hata mutoto wa darasa la pili atakwambia, ni Monsieur.

Ningecheka tu, nirudi kwenye nta yangu. Lakini kule Sange shirika lina dereva anaitwa Zagabe Xavier, mutu mutulivu mwenye tumbo, si ndugu yangu, juu akina Zagabe ni wengi huku kama mawe. Yeye aliandikwa mbele yangu: M. Zagabe. Machini ikamuuliza Constantin: huyu iko ndani tayari, niwaunganishe? Akabonyeza ndiyo. Uso mumoja una masharubu, mwingine una kitambaa cha manjano, na yeye akabonyeza ndiyo.

Hayo nilikuja kuyajua nyuma. Siku ya kwanza nilijua taa tu.

Ilikuwa siku ya kwanza ya juma. Kwenye nguzo ya mulango walikuwa wamebandika kitu cheusi, ukubwa wa sabuni ya kufulia, na kataa kadogo. Watu wakapanga mustari. Bintu, secrétaire wa Directeur, akaweka kadi: kijani, mulango ukasema ta, akapita. Mwenye hesabu akapita. Miye nikaweka: nyekundu. Nikapangusa kadi kwenye kikwembe, nikaweka tena: nyekundu. Usman akaangalia kioo walichomuwekea kwenye kibanda chake, akasoma pole pole, kiisha akaanza kucheka.

"Maman Valérie, hapa wanasema M. Zagabe iko Sange. Ulienda lini, na hukutuletea hata embe?"

Wakamwita Constantin. Akaja na ordinateur, kompyuta yake, mukononi, anaibeba kama sahani ya sadaka. Akanieleza mbele ya watu wote, kwa sauti ya mwalimu wa chekechea, kwamba programu ni ya akili: mutu mumoja hawezi kuwa mahali pawili. Aliyeingia Sange hawezi kuingia Nyawera mpaka atoke Sange. Ndiyo inazuia watu kuazimana kadi. Nikamwambia Sange nimefika mara moja tu maishani, kwa matanga, na ilikuwa kabla yeye hajazaliwa. Akasema atahakikisha. Akapiga simu kule, akauliza kama Zagabe iko. Tulisikia wote jibu: iko, anaosha gari.

Akafunga simu, akaniangalia kama mutu aliyekamata mwizi wa kuku na manyoya mukononi.

"Umesikia, maman? Uko Sange. Lazima utoke Sange kwanza."

Mwenye kusema hivyo alikuwa amesimama mbele yangu, karibu, ningeweza kumutoa uzi kwenye shati lake. Nilitazama kama ataona aibu. Hakuona. Alikuwa amekwisha kugeuka, anaangalia nukta yangu kwenye kioo, inawaka kijani vizuri, Sange.

Siku ile na ya pili Usman alinifungulia kwa ufunguo aliouficha kwenye kofia. Nikafanya kazi yangu. Siku ya tatu, alipofungua tu, kile kitu cheusi, kumbe walikuwa wamekiwekea sauti, kikapiga kelele kama mutoto aliyefinywa, na simu ya Constantin ikalia kule juu. Akashuka ngazi mbili mbili, akanirudisha inje. Usman akaandikiwa avertissement: akifungua tena kwa mukono, anafukuzwa. Ana watoto saba. Usiku ule sikulala vizuri juu yake, na kesho yake nikamwambia asifungue, haina shida, nitangoja mpaka watengeneze.

Nikangoja. Ng'ambo ya barabara, Mapendo anauza mandazi na chai. Akaniazima kiti chake kifupi. Nilikuwa nafika saa moja na nusu kama kawaida, naweka kadi mara moja, juu mara tatu inaizima kabisa, naona nyekundu, nakaa. Saa kumi naondoka. Mapendo akachukua desturi ya kunisalimia hivi: jambo Monsieur, madame yako ameamkaje? Tukicheka, siku ilikuwa inapungua kidogo.

Kwa kukaa inje niliona mengi kuliko nilivyoona kwa miaka yote ya kukaa ndani. Niliona muuza viatu vya mutumba akifika na kapo zake begani. Usman alimwandika kwenye daftari, akamupa kadi ya VISITEUR, kijani, ta, akapita. Niliona pasta akipita kuomba muchango wa kanisa. Niliona mutu mwenye kuuza sumu ya panya, na panya mukavu amefungwa kwenye fimbo kama mufano wa kazi yake. Yule naye, visiteur, kijani. Panya wake pia aliingia. Nikamutuma Usman amuulize Constantin kama naweza kupewa kadi ya visiteur niende kusafisha choo. Jibu likarudi: mufanyakazi si mugeni, règlement inakataza.

Basi panya aliweza, na mimi sikuweza.

Bintu alikuwa anapita karibu nami kila asubuhi na kisigino chake. Huyu ni binti ya watu wetu, kutoka Walungu, mama yake nilimujua. Diploma yake niliipangusa vumbi mara nyingi ukutani, na imeandikwa Bintu M' na jina la baba yake, kamustari kako pale, katamu. Kwenye kadi yake alijiandikisha Bintu tu. Alijua tangu siku ya kwanza jina langu limeharibikia wapi. Alichofanya ni kunisalimia kwa kuinamisha kichwa, kama mutu anayepita mbele ya kaburi la mutu asiyemudai.

Na Directeur? Gari lake lilikuwa linafika saa mbili. Mulango wa magari unajifungua wenyewe mbele yake, huo unamujua. Siku ya saba kulikuwa maji ya mvua mbele ya kiti changu, na gurudumu lake likayarusha yote kwenye kikwembe changu, cha bluu, kile cha ubatizo wa mujukuu. Nikasimama nikakamua. Gari liliingia. Usman akasema pengine hakuona. Nikamujibu kwamba mutu anayeona Sange kutoka Nyawera hawezi kukosa kuona mwanamuke wa kilo makumi munane kwenye mita moja.

Habari za ndani nilizipata kwa Usman. Pipa zilikauka siku ya nne. Siku ya tano choo cha juu kilifungwa kwa karatasi. Mutu alijaribu kuchemusha mchaichai akaunguza birika. Moshi uliposhika, milango yote ilijifungua yenyewe, juu programu ilifikiri ni moto, na kwa robo saa ningeweza kuingia na ng'ombe. Lakini nilikuwa nimeenda kukojoa kwa Mapendo. Hiyo ndiyo bahati yangu.

Siku ya kumi, mchana, Bintu akatoka na bahasha. Alisimama upande wa ndani wa mulango wa fito, akanipitishia mukono. Ilikuwa barua ya kuniita mbele ya Directeur kesho yake ya kazi, saa tatu, nijibu kosa la abandon de poste: siku kumi mufululizo sikuonekana kazini. Aliyejibu vibaya anaondolewa. Nilisoma mara mbili. Nikawaza chupa za muzee wangu kwenye dirisha, moja imebaki robo. Bintu akanipa kalamu, nitie sahihi kwamba nimepokea, pale pale mulangoni mwa kazi, barua ya kusema siko kazini.

Nikatia sahihi. Niliandika M'Zagabe, na kamustari nikakaweka kakubwa, kakaonekana kama jino. Bintu akakaangalia. Kiisha akaangalia viatu vyake, akaingia.

Siku ya kwanza ya juma nikavaa kikwembe cha kanisa. Nilifika mapema, nikangoja saa tatu ikaribie, nikaweka kadi kwa mazoea tu, kama mutu anayegonga nyumba ya marehemu.

Kijani. Ta.

Usman na mimi tukaangaliana. Akasema nipite haraka kabla haijakumbuka. Nikapita.

Ngazi zilikuwa na matope yaliyokauka. Kwenye chumba cha mikutano mutu alikuwa ameandika numero ya simu kwa kidole kwenye vumbi la meza. Vikombe vya maua vilikuwa kwenye dirisha, majani yameota manyoya meupe ndani, na kile cha ufa walikuwa wamekivunja. Directeur alikaa katikati, Constantin kulia na ordinateur yake, Bintu kushoto na daftari. Mimi sikupewa kiti, si kwa ubaya, hawakufikiri.

Directeur si mutu wa makelele. Alizungumuza muda murefu, kwa huzuni nzuri iliyopigwa pasi. Alisema miaka makumi mbili na sita si kitu kidogo. Alisema yeye mwenyewe alishangaa, lakini rapport ni rapport, haina upendeleo, na akamwomba Constantin asome. Constantin akasoma: Nyawera, usafi, siku kumi, kuingia sufuri. Alisema sufuri kwa utamu, kama jina la mutoto wake. Directeur akaniuliza nilikuwa wapi.

Nikajibu nilikuwa mulangoni. Akamwangalia Constantin. Constantin akatikisa kichwa: machini haina mulangoni. Ina ndani, na ina inje.

Nilikuwa natafuta neno lingine, na siku ile sijui kama ningelipata, lakini kule chini honi ikaanza kulia. Ilikuwa gari kutoka Sange. Xavier alikuwa ameondoka kule saa kumi na moja ya asubuhi na sanduku tatu za baridi, ndani yake chupa za damu ya wagonjwa za kupimwa kwenye laboratoire yetu. Jioni mutu anatoka bila kadi, lakini anayesafiri na ordre de mission, barua ya safari, lazima aweke kadi akitoka. Na Xavier, mutu wa utaratibu, aliweka. Kwa hiyo, kwa mara ya kwanza katika siku kumi na moja, M. Zagabe alikuwa ametoka Sange. Ndiyo maana niliona kijani. Na juu miye nilikuwa nimeingia, sasa yeye, mbele ya mulango wetu, alikuwa anaona nyekundu.

Usman akapiga simu juu. Constantin akaangalia kioo chake, akasema kwa utulivu kabisa kwamba M. Zagabe ameshaingia tangu saa tatu kasoro, na iko ndani ya nyumba. Kwa hiyo huyo aliye mulangoni ni mutu mwingine anayetumia jina lake, asifunguliwe.

Directeur alikuwa ameshafika kwenye dirisha.

"Mutu mwingine namna gani? Huyo ni Xavier. Namuona na macho yangu. Fungua, barafu itayeyuka."

Usman akajibu kutoka chini, kwa heshima kubwa, kofia kifuani, kwamba angependa sana kufungua, lakini ana avertissement mufukoni, na kuna mambo ya watoto saba. Aliomba Directeur amusamehe. Nimejua Usman miaka mingi na sijawahi kumuona akifurahia utii namna ile.

Directeur akashuka ngazi mwenyewe, mbio, tai begani. Alipinda mguu kwenye matope yaliyokauka. Mimi nilikaa siku nane, mvua tatu. Sanduku za damu zilikaa dakika sita, na mutu mukubwa akapinda mguu. Akafungua kwa mukono wake. Kile kitu cheusi kikalia, na simu ya Constantin nayo ikalia, kumupasha habari kwamba mulango umefunguliwa bila ruhusa na Directeur.

Xavier akapanda na sanduku, anatoka jasho, akaniona, akanisalimia. Constantin alikuwa anahesabu: Zagabe mumoja mezani, Zagabe mumoja mulangoni. Akageuza ordinateur, akaifungua ile nukta, na hapo picha mbili zikatokea chini ya jina moja, masharubu na kitambaa cha manjano. Kiisha akaniuliza, na hili nakuapia ndilo swali la kwanza aliloniuliza tangu aje Bukavu, jina langu ninaliandikaje.

Nikamwandikia kwenye vumbi la meza, kwa kidole.

Akasema programu haikubali apostrophe. Aliisema hivyo kwa kunilaumu kidogo, kama niliileta mufukoni kwa siri. Xavier, ambaye hata hajasoma zaidi yangu, akacheka mpaka tumbo lake likagusa sanduku.

"Chef, uliniozesha na mimi mwenyewe? Kwetu huyu ni M'Zagabe. Hata mbuzi wa Kabare anajua."

Bintu alikuwa anaandika kwa bidii, kichwa chini, ingawa hakuna aliyekuwa anasema jambo la kuandikwa.

Basi Constantin akafuta nukta, akabandika M kwenye Z, MZAGABE, akasukuma karatasi ya plastiki kwenye kamachini kake, na kadi ikatoka ikiwa bado ya moto. Niliangalia saa ya ukutani. Dakika tatu. Siku kumi walikuwa nazo, na kazi yenyewe ilikuwa ya dakika tatu.

Directeur akaipasua ile barua ya abandon mbele yangu, vipande vine, akaviweka juu ya meza, kwenye vumbi. Akasema voilà, maman, mambo imekwisha, kazi yako iko, mambo ya muzee yako iko, kila mutu anaweza kukosea. Akanikumbusha kwamba vyoo viko katika hali mbaya. Kiisha akamuuliza Constantin kama na zile siku kumi zimetengenezwa. Constantin akasema hapana, hizo zinabaki sufuri. Historique, kumbukumbu ya machini, haiguswi, ndiyo nguvu ya programu. Hata yeye hawezi, hata Directeur hawezi. Zitahesabiwa kama congé, likizo, hakuna mutu atauliza. Directeur akasema vizuri, congé, vizuri sana. Alionekana kama mutu aliyenipa zawadi.

Wakaanza kukusanya vitu vyao. Constantin akafunga ordinateur. Xavier alikuwa ameshabeba sanduku kwenda laboratoire. Bintu akafunika kalamu. Mimi sikuondoka. Nilibaki nimesimama pale pale, kadi ya moto mukononi, na Directeur alipofika mulangoni akageuka, kwa uvumilivu, akasema:

"Maman Valérie, barua nimepasua, kadi unayo. Unangoja nini tena?"

Mara nyingine ningesema haina shida. Lilikuja mpaka kwenye meno. Nikalimeza.

"Monsieur le Directeur, siku zote hizi Mapendo aliniuliza kama nataka chai, Usman aliniuliza kama nataka mwavuli. Ninyi hamukuniuliza kitu. Sasa umeuliza, nitakwambia. Miye sikuwa congé. Nataka Bintu afungue tena daftari yake, atoe kalamu, na mumoja wenu, mwenye macho, aandike kwa mukono wake: Valérie M'Zagabe alikuwa hapa siku zote kumi, miye nilimuona, na nilipita. Kiisha atie jina lake chini, lote."